Dhana ya Nambari kutoka Hume hadi Russell: Mwangaza kutoka Lodwar na Kakuma

1. Utangulizi

Yapo maswali ambayo huonekana mepesi mpaka mtu ajaribu kuyajibu. Swali la "nambari ni nini?" ni mojawapo. Mtoto anayetumwa dukani mjini Lodwar anaijua mbili na anaijua tatu, wala hakosei anaporudishiwa chenji. Akiulizwa hiyo tatu yenyewe iko wapi, ataonyesha vidole vitatu, mbuzi watatu au mawe matatu. Tatu iliyo tupu, isiyo na kidole, mbuzi wala jiwe, hataionyesha, na hata mwalimu wake hataionyesha.

Swali hili liliwashughulisha wanafalsafa na wanahisabati wa Uingereza kwa zaidi ya karne mbili. Makala haya yanakusudia kutimiza mambo matatu. Kwanza, yataeleza kwa ufupi maisha na kazi za baadhi yao, hususan David Hume, George Boole, Alfred North Whitehead na Bertrand Russell. Pili, yatachunguza dai lililotolewa na mmoja wa Waingereza hao, Francis Galton, kwamba mfugaji wa Kiafrika hana uwezo wa kuhesabu. Tatu, yatalipima dai hilo kwa ushahidi wa lugha zinazosikika Lodwar na Kakuma pamoja na ushahidi wa Kiswahili chenyewe. Hoja yetu kuu ni kwamba falsafa ya Waingereza, ikisomwa hadi mwisho wake, inamtetea mfugaji dhidi ya dharau ya Waingereza hao hao.

2. Locke na Hume: jina la nambari na usawa wa nambari

John Locke (1632–1704) aliamini kwamba fikra zote za binadamu zina asili katika tajiriba. Katika insha yake ndefu kuhusu akili ya binadamu, aligusia watu wa Brazili waliosemekana kuwa hawakuwa na majina ya nambari zaidi ya tano. Walipotaka kutaja idadi kubwa zaidi, walionyesha vidole vyao na vya wenzao waliokuwapo. Locke hakuitumia habari hii kuwakejeli. Aliitumia kuonyesha kwamba majina ni msaada mkubwa katika kuhesabu, na akakiri kuwa Waingereza wenyewe wangeweza kuhesabu mbali zaidi lau wangekuwa na majina yanayofaa. Kwa Locke, basi, upungufu wa majina haukuwa upungufu wa akili. Mwanafunzi wa lugha hana budi kuikumbuka tofauti hiyo.

David Hume (1711–1776), mzaliwa wa Edinburgh huko Uskoti, alipiga hatua nyingine. Katika kitabu chake cha ujanani, A Treatise of Human Nature, kilichoanza kuchapishwa mwaka wa 1739, alieleza kwa maneno machache ni lini nambari mbili huwa sawa: ni pale kila kimoja cha upande huu kinapopata kimoja cha upande ule, bila kubaki kitu. Kitabu hicho hakikusomwa sana kilipotoka. Hata hivyo, mwaka wa 1884 Mjerumani Gottlob Frege alilinukuu wazo hilo na kulifanya jiwe la pembeni la falsafa yake ya hisabati. Leo wataalamu huliita Kanuni ya Hume.

Kanuni hiyo yaonekana kila siku kwenye mabomba ya maji ya kambi ya wakimbizi ya Kakuma. Watu wanapochoka kusimama juani, huacha mitungi yao katika foleni na kwenda kutafuta kivuli. Kila mtungi humwakilisha mwenyewe, na kila mwenyewe ana mtungi wake. Hakuna haja ya kujua kama waliofika ni 30 au 47. Foleni ya mitungi na kundi la watu kivulini vina idadi sawa, na anayejua jambo hilo amelijua kabla ya kuhesabu. Usawa wa idadi, kwa hiyo, hutangulia majina ya nambari.

Lakini Hume ana upande wa pili usioweza kufichwa. Katika tanbihi aliyoiongeza kwenye insha yake kuhusu tabia za mataifa katika miaka ya 1750, aliandika kwamba aliwashuku watu weusi kuwa duni kwa maumbile kuliko weupe. Mwanafalsafa mwenzake wa Uskoti, James Beattie, alimpinga waziwazi katika kitabu alichokitoa mwaka wa 1770. Kwa hivyo haitoshi kusema kwamba watu wote wa zama zile waliwaza hivyo. Mnamo Septemba 2020, Chuo Kikuu cha Edinburgh kiliondoa jina la Hume kwenye jengo lake refu. Chuo hicho ndicho alikosomea Julius Nyerere kati ya 1949 na 1952, kabla ya kuwatafsiria Waswahili tamthilia za Shakespeare.

3. Galton na kondoo wawili

Francis Galton (1822–1911) alikuwa binamu wa Charles Darwin kwa upande wa babu. Mchango wake katika takwimu ni mkubwa: dhana ya uwiano wa mabadiliko baina ya vitu viwili, kwa mfano kimo cha mzazi na kimo cha mwana, ilipata umbo la kihisabati mikononi mwake. Ndiye pia aliyebuni, mwaka wa 1883, jina la nadharia ya kuboresha uzao wa binadamu kwa kuchagua wazazi, nadharia iliyoleta maafa makubwa katika karne ya 20. Mnamo Juni 2020, Chuo Kikuu cha London, tawi la University College, kiliondoa jina lake kwenye ukumbi wa mihadhara.

Kati ya 1850 na 1852 Galton alisafiri katika nchi ambayo leo ni Namibia, na mwaka wa 1853 akachapisha kitabu cha safari hiyo. Humo alidai kwamba wafugaji aliowaita Wadamara, hata kama lugha yao ina nambari zaidi, hawatumii nambari inayozidi tatu. Alitoa mfano. Bei ya kondoo mmoja ilikuwa vijiti viwili vya tumbaku. Alipotaka kuchukua kondoo wawili kwa vijiti vinne, mwenye mifugo alitatizika. Mtu huyo alivitenga vijiti viwili, akamtazama kondoo wa kwanza, akaridhika kwamba huyo amelipiwa. Alipogeukia vijiti vilivyobaki na kondoo wa pili, mashaka yakamwingia. Galton akamlinganisha na mbwa wake aliyekuwa akiwatafuta watoto wake, na akaona kwamba ulinganisho huo haukumpa mtu yule heshima.

Kisa hiki kilirudiwa na waandishi wengi kama ushahidi kwamba Mwafrika hajui hesabu. Lakini hebu tukitazame upya. Mfugaji yule alivipanga vijiti na kondoo kwa mafungu yanayolingana: fungu hili kwa kondoo huyu, fungu lile kwa kondoo yule. Hicho ndicho kitendo ambacho Hume alikifanya kipimo cha usawa wa nambari. Isitoshe, kwa mfugaji kondoo wawili si nakala mbili za kitu kimoja. Mmoja ana umri huu na mwingine ule. Mmoja ana mimba, mwingine ni tasa. Kila mmoja ana bei yake, na kuwauza mmoja mmoja ni busara ya biashara. Yamkini aliyekuwa na haraka pale sokoni ni Galton.

Katika kitabu hicho hicho Galton alikiri kwamba watu hao hawakuwa wakipoteza ng'ombe kwa urahisi. Akaeleza kwamba walitambua ng'ombe aliyepotea kwa kuukosa uso wanaoufahamu, wala si kwa kuona idadi imepungua. Tutarudi kwenye kauli hii.

4. Boole: mantiki yaingia katika hisabati

Mwaka mmoja baada ya kitabu cha Galton, yaani 1854, George Boole alichapisha kitabu chake kuhusu kanuni za fikra. Boole alizaliwa Lincoln mwaka wa 1815, mwana wa fundi viatu. Hakusoma chuo kikuu. Alijifundisha lugha na hisabati mwenyewe, akawa mwalimu wa shule tangu ujana wake ili kuitunza familia, na mwaka wa 1849 akateuliwa kuwa profesa huko Cork, Ayalandi. Alifariki Desemba 1864, akiwa na umri wa miaka 49, baada ya kutembea katika mvua kwenda kufundisha na kuugua.

Boole alionyesha kwamba hoja za mantiki zinaweza kuandikwa na kukokotolewa kama milinganyo ya aljebra. Tukiita seti ya mifugo yote ya boma A, na seti ya vitu vyote vyeupe B, basi mifugo myeupe ni zao la A na B. Mtu akichagua weupe kisha akachagua tena weupe katika hao hao, hapati kitu kipya; kwa hiyo B mara B ni B. Ndiyo aljebra ambayo hadi leo huendesha saketi za kompyuta na kila kitafutio cha maneno. Mwenzake Augustus De Morgan (1806–1871), aliyezaliwa Madurai nchini India, alikuwa akiijenga mantiki hiyo hiyo kwa njia yake mjini London.

5. Whitehead na Russell: nambari yapata maana

Bertrand Russell alizaliwa tarehe 18 Mei 1872 huko Trellech, Wales, katika ukoo wa mabwana. Babu yake, Lord John Russell, aliwahi kuwa Waziri Mkuu. Wazazi wake walifariki angali mdogo, akalelewa na bibi yake. Alipokuwa na umri wa miaka 11, kaka yake alianza kumfundisha jiometria ya Euclid. Alifurahi kupita kiasi, lakini akasikitika kuambiwa kwamba baadhi ya kauli hukubaliwa bila kuthibitishwa. Sikitiko hilo lilimsukuma kwa miaka mingi: alitaka hisabati isimame juu ya mantiki peke yake.

Mwalimu wake huko Cambridge, Alfred North Whitehead (1861–1947), akawa mshirika wake. Kwa pamoja waliandika Principia Mathematica, vitabu vitatu vilivyotoka 1910, 1912 na 1913. Kazi hiyo ni nzito kiasi kwamba maandalizi ya kuthibitisha kwamba moja na moja ni mbili yamefikiwa baada ya kurasa zaidi ya 300 za kitabu cha kwanza. Baadaye Whitehead alihamia Harvard, Marekani, mwaka wa 1924, na huko akageukia metafizikia.

Jawabu la Russell kwa swali letu laweza kuelezwa hivi. Chukua seti yoyote: vidole vya mkono mmoja, kwa mfano. Kusanya seti zote zinazoweza kulinganishwa nayo kimoja kwa kimoja bila kubaki kitu: mbuzi hawa, mawe yale, siku zile. Mkusanyiko wa seti hizo zote ndio nambari tano. Maelezo haya hayazunguki yenyewe, maana kulinganisha kimoja kwa kimoja hakuhitaji kujua tano ni nini, kama vile foleni ya mitungi isivyohitaji.

Njiani Russell alikumbana na mtego, mwaka wa 1901. Tuseme maktaba ina orodha nyingi za vitabu. Baadhi ya orodha hujitaja zenyewe, nyingine hazijitaji. Sasa andaa orodha ya orodha zote zisizojitaja. Je, hiyo nayo ijitaje? Ikijitaja, imevunja sharti; isipojitaja, yastahili kutajwa. Juni 1902 Russell alimwandikia Frege kumjulisha mkanganyiko wa namna hii katika seti, na msingi wa Frege ukatikisika. Principia ilijaribu kuuepuka kwa kupanga seti katika ngazi. Mwaka wa 1931 Kurt Gödel alithibitisha kwamba hakuna mfumo wa aina hiyo unaoweza kuzithibitisha kweli zote za hesabu bila kujipinga. Ndoto ya Russell haikutimia yote. Hata hivyo, ulinganisho wa kimoja kwa kimoja ulibaki imara na hufundishwa kila mahali.

Mwaka wa 1918 Russell alifungwa miezi sita katika gereza la Brixton kwa maandishi yake ya kupinga vita. Humo ndimo alimoandika utangulizi wake wa falsafa ya hisabati, uliotoka 1919. Alipata Tuzo ya Nobeli ya Fasihi mwaka wa 1950, na mwaka wa 1961, akiwa na umri wa miaka 89, akafungwa tena kwa siku chache kwa kupinga silaha za nyuklia. Mwaka huo huo wa 1961 ndio Jomo Kenyatta alihamishwa kutoka kizuizini Lodwar, alikowekwa tangu 1959, kisha akaachiliwa. Russell alifariki tarehe 2 Februari 1970. Hata yeye hakuwa safi: kitabu chake cha 1929 kuhusu ndoa kilikuwa na kauli ya kuwadunisha watu weusi, iliyobadilishwa katika matoleo ya baadaye.

6. Ushahidi wa lugha

Lugha zinasemaje? Katika Kiturkana, mashina ya nambari za mwanzo ni -pei, -arei, -uni, -omwon na -kan. Sita huundwa kwa kusema tano na moja, saba ni tano na mbili, nane ni tano na tatu, tisa ni tano na nne, kisha kumi ni -tomon. Si vigumu kuuona mkono wenye vidole vitano nyuma ya mfumo huu. Kidinka, kinachosemwa na wakimbizi wengi kutoka Sudan Kusini waliofika Kakuma tangu kambi ilipofunguliwa mwaka wa 1992, nacho kina alama hiyo: mbili ni rou na saba ni dhorou, nne ni nguan na tisa ni dhonguan. Kisomali, kinachosemwa kambini humo humo, kina neno la pekee kwa kila nambari hadi kumi.

Watu ambao Galton aliwaita Wadamara walikuwa, kwa sehemu kubwa, Waherero, na Kiherero ni lugha ya Kibantu. Mashina yake ya tatu, nne na tano ni -tatu, -ne na -tano. Msomaji wa Kiswahili hahitaji mkalimani hapo. Baada ya tano, Kiherero husema hamboumwe, hambombari na hambondatu, ambamo moja, mbili na tatu zasikika wazi. Watu walioambiwa kwamba hesabu yao huishia tatu walikuwa na mfumo kamili wa kuhesabu, tena ulio ndugu wa huu wetu.

Kiswahili chenyewe kimehifadhi historia ya namna hii. Sita, saba na tisa ni maneno yenye asili ya Kiarabu. Kabla yake Waswahili walisema tandatu, fungate na kenda. Fungate imebaki katika siku saba za maarusi, na kenda hukutwa katika ushairi. Wataalamu wa lugha za Kibantu wameieleza tandatu kuwa ni tatu na tatu, na nane kuwa ni nne na nne. Kwa hiyo mababu zetu waliziona nambari hizo kama jozi ya mafungu yanayolingana, sawa na mafungu mawili ya tumbaku mbele ya kondoo wawili.

Sarufi nayo ina la kusema. Tunasema mbuzi wawili, vijiti viwili, mawe mawili, siku mbili. Kiambishi hufuata ngeli ya nomino, lakini shina ni moja. Russell aliona kwamba binadamu walihitaji muda mrefu sana kugundua kwamba jozi ya vitu vya namna moja na jozi ya vitu vya namna nyingine kabisa zina nambari moja. Mtoto wa Kiswahili huutamka ugunduzi huo kila siku: kiambishi chamwonyesha kinachohesabiwa, shina lamwonyesha nambari. Aidha, Kiswahili hutenga idadi, nambari na tarakimu, ilhali neno moja la Kiingereza hubebeshwa maana za idadi na nambari kwa pamoja. Kile ambacho Russell alikuwa akikieleza ni idadi hasa.

7. Zizi na uso unaofahamika

Turudi kwenye kauli ya Galton kuhusu uso wa ng'ombe. Waturkana hufuga ngamia, ng'ombe, mbuzi, kondoo na punda, na lugha yao ina msamiati mpana wa rangi, mabaka na maumbo ya pembe. Mwanamume hupata jina kutokana na maksai wake ampendaye. Katika utafiti wake uliochapishwa mwaka wa 1955 kuhusu mifugo ya familia za Waturkana na Wajie, mwanaanthropolojia P. H. Gulliver alionyesha jinsi mifugo ya mzee mmoja inavyogawanywa kwa nyumba za wake zake, kila nyumba na haki zake. Mfugaji, basi, hana budi kujua kila mnyama ni yupi, mama yake ni nani na ni wa nyumba gani.

Jioni mifugo inapoingia zizini, mfugaji anayo kichwani orodha ya wote. Kila anayepita mlangoni hulinganishwa na mmoja katika orodha hiyo. Asipobaki jina bila mnyama wala mnyama bila jina, kundi limetimia. Huu si upungufu wa hesabu. Ni ulinganisho wa kimoja kwa kimoja, tena wenye faida ambayo nambari tupu haina: nambari humwambia mtu kwamba mmoja hayupo, orodha humwambia ni nani asiyekuwapo na akatafutwe upande gani.

Hatudai kwamba zizi latosha kwa kila jambo. Alilosema Locke ni kweli: bila majina na maandishi, hesabu kubwa haziwezekani, na mtoto wa Turkana anahitaji aljebra ya Boole kama mtoto mwingine yeyote. Tunachodai ni kwamba anapoingia darasani tayari amebeba msingi wake.

8. Hitimisho

Makala haya yameonyesha kwamba dhana ya nambari, kama ilivyofafanuliwa na Hume na kukamilishwa na Frege, Whitehead na Russell, inasimama juu ya kitendo cha kulinganisha kimoja kwa kimoja. Kwamba kitendo hicho ndicho Galton alichokiona kwa mfugaji na kukiita ujinga. Na kwamba lugha za Lodwar, Kakuma na pwani zimekihifadhi katika maneno yao ya kila siku.

Yapo mambo mawili ambayo wanafunzi na wahadhiri wa Kiswahili wanaweza kuyafanyia kazi. La kwanza ni kukusanya mifumo ya kuhesabu ya lugha za Kakuma wakati wazee wanaoijua wangalipo, maana watoto wao wanaihesabu shule kwa Kiingereza na foleni kwa Kiswahili. La pili ni kuandika falsafa ya hisabati kwa Kiswahili, kwa kutumia idadi, seti, orodha na jozi, maneno tuliyo nayo tayari. Hume, Galton na Russell wasomwe, tena wasomwe chote walichoandika. Mwanafunzi anayekijua Kiswahili chake ataweza kuichukua hoja yao, na kuiachia dharau yao huko huko ilikotoka.